Fifi Ilianza Lini

Mwalimu wangu wa chuo kikuu, Dokta Constantine, ana msemo mmoja anaourudia kila anapokataa kazi ya mtu: "Mwanafalsafa ana jina. Wazo lisilo na mwenyewe ni methali tu." Kwa msemo huo alikuwa ameukataa utafiti wangu mara mbili. Mara ya tatu, alisema, nitafungasha virago, na shahada ya uzamili nitaisikia kwa wenzangu.

Basi nikatafuta mwanafalsafa mwenye jina, nikampata kijijini Zagayu, nyumbani kwetu, mguu umefungwa hogo la plasta. Anaitwa Mashimba. Ni dereva wa bodaboda wa Bariadi aliyegongana na ng'ombe, na ng'ombe akashinda. Alirudi kijijini kuuguza mguu, na kwa kuwa kwa mama mdogo wangu Justina, alikofikia, hakuna anayekaa bure msimu wa pamba, aliketishwa kwenye turubai pamoja na wanawake, achambue. Nyeupe isiyo na doa huku, hiyo ni safi. Ya njano na iliyochafuliwa na wadudu kangambili kule, hiyo ni fifi. Siku moja nikipita nikamsikia akisema, "Hivi hii fifi ilianza lini kuwa fifi? Ikiwa shambani, au tulipoitazama?"

Nilisimama pale pale. Wiki tatu nilikuwa nazunguka wilaya nzima ya Itilima nikitafuta sentensi kama hiyo, na sasa imetoka kinywani mwa mtu anayejikuna ndani ya hogo kwa spoku ya baiskeli.

Nikamtoa kwenye turubai, nikamkalisha nyuma ya nyumba kwenye kiti cha plastiki, peke yake, simu yangu ikirekodi. Hapo ndipo nilipokosea, na nilijua ninakosea. Turubai lile lina kanuni yake tangu enzi za bibi. Wakichambua wanabishana juu ya Mungu, wakwe, mvua, kifo, lakini ukisema neno la maana lazima useme umelitoa kwa nani. Ukishindwa, konzi ya pamba iliyo mkononi mwako inatupwa kwenye fifi hata kama ni nyeupe pe, na utachekwa hadi jioni. Nyuma ya nyumba hakukuwa na turubai. Mashimba alisema, mimi nikaandika, zikatoka kurasa tisini.

Dokta alizisoma, akasema anakuja kumwona mtu huyo kwa macho yake. Alishuka Bariadi alfajiri, kavaa suti, akapakiwa bodaboda hadi Zagayu, akafika ana rangi ya barabara.

"Mwangaluka, bhabha," wanawake wakamwamkia kwa Kisukuma.

"Asante," akajibu.

Aliomba kiti. Mama mdogo akamwonyesha turubai. Akajikunja na suti yake, akapewa pamba achambue kama kila mtu.

"Ndugu Mashimba," Dokta alisema, "nimesoma swali lako kuhusu fifi. Ni la kwako?"

Nilimkazia Mashimba macho. Angesema tu ndiyo, neno moja! Lakini alikuwa kwenye turubai, na konzi mkononi.

"La mke wangu," akasema.

Dokta akanigeukia polepole sana.

"Silo langu," alisema Felisita, mke wa Mashimba, bila kuacha kuchambua. "Nililisikia kwa Justina mwaka juzi. Huyu alivyokuwa analalamika hospitalini, nikampelekea apate cha kufikiria."

"Dokta, hawa wanatania," nikasema.

"Anayetania nani?" mama mdogo akaja juu. "Wewe Flora tangu uende kusoma umekuwa mtu wa kuokota maneno bila kuuliza yametoka kwa nani. Mwalimu, huko kwenu hamfundishi adabu hiyo?"

"Tunafundisha," Dokta alisema kwa uchungu. "Inaitwa rejea. Mwaka wa kwanza."

Akafunika kalamu yake. Nikajua ndiyo basi, shahada imekwenda na maji, na mimi nikiona nimekwisha huwa nashikwa na hasira badala ya aibu.

"Na yeye muulizeni!" nikapayuka. "Kila siku anatuambia mwanafalsafa ana jina, wazo lisilo na mwenyewe ni methali tu. Kalitoa kwa nani neno hilo?"

Wote wakamgeukia. Dokta akakohoa. "Alilisema profesa wangu."

"Na yeye?" Felisita akauliza.

"Nadhani alilisikia mahali."

"Kwa nani?"

"Sijui," Dokta akakiri.

Felisita akanyoosha mkono, akamnyang'anya konzi yake, akaitupa kwenye fifi.

"Kumbe ni methali tu," akasema Mashimba, na turubai zima likaangua kicheko.

Dokta alicheka wa mwisho, lakini alicheka. Kisha akafunua kalamu tena. "Haya, mama Justina. Na wewe swali la fifi ulilitoa kwa nani?"

Mama mdogo akaninyooshea kidole. "Kwake."

"Mimi?"

"Ulikuwa na miaka saba, mvivu kupindukia, hutaki kuchambua. Ukamuuliza marehemu dada yangu, mama, fifi ilianza lini kuwa fifi? Dada akacheka mpaka akalala juu ya pamba."

Sikukumbuka hata kidogo. Kurasa tisini nilikuwa nimejichunguza mwenyewe, na ukurasa wa kumi na mbili nimejisifu kwamba nina akili ya nadra!

"Haya," mama mdogo akasema. "Na wewe ulilitoa kwa nani?"

Nilitaka kusema ni langu. Dokta alikuwa tayari kuandika, alichotaka ni jina, na jina langu halina ubaya. Mkono wa Felisita ulikuwa karibu na konzi yangu, unangoja.

Ndipo nikakumbuka. Mwaka ule mwalimu alitugawa darasani, wenye akili mbele, wazito nyuma, nami nikapelekwa nyuma. Nilirudi nyumbani nalia. Mama hakujua kusoma, fomu zangu za shule alizitia dole gumba. Alinifuta kamasi kwa kanga yake, akaniuliza, "Asubuhi ulipoondoka hapa ulikuwa mjinga? Au ulianza ulipofika kule?"

"Kwa mama," nikasema, nikawasimulia yote.

Hakuna aliyecheka. Mama mdogo akaichukua konzi yangu, akaiweka kwenye safi.

"Jina lake kamili?" Dokta akauliza.

"Anna Ngassa."

"Aliandika nini?"

"Hakuandika kitu."

Akaliandika jina lile kwa herufi kubwa. "Zile kurasa tisini chana," akasema. "Anza upya, hapa hapa, na hawa wote, kila mtu na jina lake. Nakupa miezi sita."

"Zote fifi?"

"Zote."

Nikalia. Nililia kwa kuwa nimepona, na kwa kuwa mama hakuwepo kuona jina lake likiandikwa na mtu wa chuo kikuu. Nililia nimeinama, pua juu ya pamba.

"We Flora!" mama mdogo akafoka. "Unailowesha! Hiyo sasa ni fifi, na safari hii wote tumeona ilivyoanza."