Mpira Ambao Sikumpa Manang Delfa

Bibi Pasing, mkandaji wa mji wa Silay, alifariki Jumanne, na Ijumaa mchana nilikuwa nimeketi mbele ya jeneza lake, kikombe cha kahawa kikipoa mkononi. Nilikuwa nimerudi Ufilipino likizoni kutoka Japani. Mkobani nilikuwa na pakiti mbili za plasta za misuli nilizomletea, maana kila mwaka alituma salamu kwamba za mwaka jana zimeisha. Sikujua sasa nimpe nani.

Upande wa pili wa chumba watu walikuwa wakicheza karata, kama ilivyo desturi msibani kwetu. Manang Delfa alikuwa kati yao, amekalia kigoda, mguu wa kulia ameunyosha mbele. Aliponiona hakunyanyuka. Alipiga karata yake kwanza, akazoa pesa za wenzake, ndipo akapaza sauti:

"Hebu mtazameni huyo! Miaka minne Japani, bado anaingia mlangoni kama mtu aliyekuja kuomba chumvi."

Wote walicheka. Nikacheka nami, nikaenda kumbusu shavuni. Alinuka moshi wa kuku wa kuchoma. Ana kibanda chake cha kuku pembeni ya soko, na jioni huwafundisha wasichana wa mtaa mpira wa wavu.

"Umekonda, Inday," aliniambia, kwa neno letu la kumwita mdogo wa kike. "Huko hawali wali?"

"Wanakula, Manang. Ila kwa kipimo."

"Ee Mungu. Nchi gani hiyo, wali una kipimo."

Manang ni dada mkubwa, na kwangu mimi halikuwa neno la adabu tu. Nilipofika Manila nikiwa na miaka ishirini na mmoja, nimetoka chuoni juzi, timu ya kiwanda cha sardini iliponisajili kuwa seta wake, mwenye kazi ya kuwainulia wapigaji mpira, sikuweza hata kupaza sauti na kusema "wangu!" mpira ulipokuja upande wangu. Katika mchezo ambao kila mtu anapiga kelele, mimi nilinong'ona. Delfa Magbanua alikuwa mpigaji wetu mkuu, ana miaka ishirini na minane, picha yake imebandikwa kwenye mabasi. Siku ya kwanza ya mazoezi aliposikia nasema Kiilonggo, lugha ya kwao pia, kwenye simu na mama, alinivuta kwa jezi.

"Wewe ni wa Iloilo? Basi wewe ni wangu. Hawa Wamanila watakula wewe bila sosi."

Tangu siku hiyo tulikula pamoja na kulala chumba kimoja. Alinifundisha kazi yangu kwa namna yake. Alisema seta ni kama mama anayepakua chakula. Watoto hawahitaji kuambiwa nani anapendwa. Wanatazama kichwa cha samaki kimekwenda kwenye sahani ya nani. "Seta anaweza kudanganya kwa mdomo," alisema, "lakini mikono yake haidanganyi. Siku ukiacha kunipa mpira wa mwisho, nitajua nimekwisha, hata magazeti yakinisifu."

Nilimpa mipira ya mwisho kwa misimu miwili. Alikuwa akiruka na kutulia hewani, kana kwamba kuna kiti huko juu, kisha anachagua pa kupiga.

Msimu wa pili ulipokuwa ukingoni, goti lake la kulia lilianza kuvimba kila baada ya mechi. Hakumwambia daktari wa timu. Daktari angemwambia kochi, na kochi angemweka benchi, wakati mwezi uliofuata alikuwa anakuja mtu wa klabu ya Japani kumtazama. Alikuwa amemngoja mtu huyo miaka sita. Kwa hiyo tulipopewa siku tatu za mapumziko alinipeleka nyumbani kwao Silay, tukaenda kwa Bibi Pasing.

Bibi Pasing alimpaka mafuta ya nazi, akaweka jani la mgomba juu ya goti, akafumba macho na kulisikiliza kwa vidole. Alichukua muda mrefu. Mwishowe akasema, "Goti hili lina miruko yake, na haijabaki mingi. Usiitawanye ovyo."

Delfa alicheka. "Ingali mingapi, Bibi? Nipe hesabu niiandike."

"Cheka tu," Bibi Pasing alisema. Lakini hakumtazama yeye. Alinitazama mimi.

Tulipotoka, Delfa alinishika mkono. "Hili halimfikii kochi."

"Halimfikii, Manang."

"Na wewe usije ukanionea huruma uwanjani. Nakujua, Inday. Unamwonea huruma hata mende."

"Sitakuonea."

"Ukinionea nitajua."

Ahadi ya kwanza niliitunza. Ya pili sikuitunza, na hakujua.

Ilikuwa nusu fainali. Mjapani alikuwa ameketi safu ya tatu, kijitabu gotini. Seti nne za kwanza Delfa alipiga kama kawaida, lakini mimi niliyesimama karibu naye nilikuwa namsikia. Kila alipotua alitoa sauti ndogo puani. Hakuna mwingine aliyeisikia, kwa ngoma za mashabiki na kelele zile. Nilianza kuhesabu. Sikutaka, ila nilianza: huo mmoja, huo mwingine. Kichwani nilimwona Bibi Pasing akinitazama.

Seti ya tano huishia pointi kumi na tano. Tulipofika kumi na mbili kwa kumi na mbili, Delfa alifuta mikono kwenye kaptura na kuniambia, "Sasa mipira yote nipe mimi." Macho yake yalikuwa yanang'aa. Mpira ulipopokelewa ukaja juu ya kichwa changu vizuri kabisa, nikamsikia akiita kutoka kushoto, "Hapa! Hapa, Inday!" Tayari alikuwa ameanza kukimbia.

Nilimpa Trixia, mpigaji wetu wa katikati.

Trixia akafunga. Watu wakashangilia. Delfa alikuwa amekwisha kuruka bure, akatua mikono mitupu. Aliniangalia kidogo, akapiga makofi, akasema, "Safi! Umewadanganya!" Alidhani ni ujanja.

Mpira uliofuata akaita tena. Nikampa Trixia tena, tukazuiwa. Uliofuata nikampelekea mpigaji wa kulia, msichana mgeni ambaye hata hakuutarajia, akafunga. Mara hii Delfa hakupiga makofi. Kwenye pointi ya mwisho hakuita. Alisimama tu pale kushoto, magoti ameyakunja, ananitazama mikono nikimpa tena Trixia.

Tulishinda kumi na tano kwa kumi na tatu. Wenzetu walinirukia, wakaniangusha chini, wakasema nimecheza kama mtu wa miaka thelathini. Delfa alinyanyua mkono wangu, akanikumbatia, akaniuliza sikioni, taratibu, kama mtu anayeuliza saa:

"Nimekwisha, ee?"

Hapo ndipo ningesema. Neno moja tu, goti. Lakini nikaanza kulia, na yeye akayachukua machozi yangu kuwa jibu. Alinipapasa mgongoni. "Haya, haya," alisema. "Usilie. Umefanya kazi yako."

Kwenye fainali yeye mwenyewe alimwomba kochi aanzie benchi. Mwisho wa msimu alitangaza kustaafu, akasema anataka kuwa karibu na mama yake. Mjapani hakumpigia simu. Mwezi uliofuata alinipigia mimi. Alisema katika mechi ile alivutiwa na seta mwenye ujasiri wa kumnyima mpira nyota wake. Nilikubali mkataba. Delfa alikuwa wa kwanza kunipongeza, akanitumia pipi za miwa za Silay boksi zima.

Miaka minne nimemwandikia Delfa kichwani barua ya kumwambia ukweli, na miaka minne sijaituma.

Saa tisa hivi, pale msibani, Manang Delfa alirudisha kigoda ukutani na kuniita. "Twende. Lakini nyumbani si sasa." Sikuhitaji kuuliza kwa nini. Kwetu mtu hatoki msibani akaenda nyumbani moja kwa moja. Hupitia mahali pengine popote kwanza, ili kilichomfuata kipotee njia. Alinunua ndizi za kukaanga kwa sukari, mbili kwa vijiti vyake, tukaenda uwanja wa mtaa ulio karibu na kanisa, wenye paa la mabati na wavu ulioshonwa kwa kamba za nailoni. Wasichana wake walikuwa bado shuleni. Tuliketi kwenye ngazi za saruji, kando ya mfuko wao wa mipira, tukala.

"Bibi Pasing alinipenda sana," alisema. "Lakini alikosea kuhusu goti langu, unajua?"

Nikaacha kutafuna.

"Mwaka jana nilianguka na pikipiki. Wakanipiga picha mguu mzima hospitalini Bacolod. Nikamwambia daktari, angalia na hilo goti, ndilo lililonistaafisha. Akaangalia, akaniita chizi. Goti halina kitu! Eti lilikuwa uvimbe wa kuchoka tu, ningepumzika miezi miwili ningecheza hata misimu minne mingine." Alilamba sukari kwenye kijiti. "Nilicheka, Inday. Njia nzima nilicheka. Maana miaka yote hii nilikuwa nalilaumu goti la watu bure. Kumbe si goti. Ni mimi tu nilikuwa nimepungua. Na wewe uliona mapema kuliko kochi, kuliko mimi mwenyewe. Sijawahi kukushukuru. Wengine wangenidanganya, wakanipa mipira nikajiaibisha mbele ya yule mzee na kijitabu chake."

Alisema hivyo bila uchungu. Hilo ndilo lililonivunja. Alikuwa amekwisha kupanga maisha yake juu ya jambo hilo, kama mtu anavyojenga nyumba juu ya jiwe alilolikuta, na jiwe lile nililiweka mimi.

"Manang," nilisema.

"Mm."

"Hukuwa umepungua."

"Acha adabu zako."

"Si adabu. Ulikuwa unaruka kuliko sisi sote. Niliogopa goti. Nilikusikia unapotua. Nilimkumbuka Bibi Pasing nikaogopa utaanguka mbele ya watu wote, na mimi ndiye niliyekupa mpira. Nikakunyima. Mipira yote ile ilikuwa yako."

Aligeuza kijiti kati ya vidole, akakitazama ncha.

"Uliponiuliza," nikaendelea, sauti imebaki nusu, "nilitaka kusema hapana."

"Ulilia."

"Nililia."

"Nikadhani unanililia mimi." Akakipigapiga kijiti kwenye saruji. "Nilikuambia usinionee huruma."

"Uliniambia."

"Nilikuambia nitajua." Alicheka, lakini kicheko hakikufika mbali. "Mimi na maneno yangu ya kichwa cha samaki. Sikujua. Nilitazama mikono yako, nikaisoma vibaya, nikaiamini kuliko miguu yangu mwenyewe."

"Nisamehe, Manang."

"Ungeniuliza, Gemma."

Miaka sita hakuwahi kuniita kwa jina langu. Nilikuwa Inday tangu siku aliponivuta jezi.

"Ungekuja kwenye wavu ukaniuliza, Manang, goti vipi? Ningekuambia linauma, leta mpira. Lingevunjika, lingekuwa langu limevunjika. Ningelala hospitalini nikijua nilikuwa nani." Alijifuta mdomo kwa kiganja. "Nilikataa kazi ya ukocha chuoni, unajua hilo? Walinifuata mara mbili. Nikasema mtu ambaye hata seta wake hamwamini atamfundisha nani? Nikaenda kuchoma kuku."

Tuliketi hivyo mpaka kengele ya shule ikasikika upande wa pili wa kanisa. Nilitoa zile pakiti mbili za plasta, nikaziweka kwenye ngazi kati yetu. Alizitazama.

"Za Bibi Pasing?"

"Ndiyo."

"Ziache." Kisha akasema, "Wewe tangulia nyumbani. Mama amepika. Mwambie nakuja."

"Nikungoje?"

"Tangulia."

Niliinuka. Nilitaka kuushika mkono wake na kuuweka kwenye paji la uso wangu, kama tunavyowafanyia wakubwa wetu, lakini alikuwa ameshika kijiti kwa mkono mmoja na kwa mwingine anafungua kamba ya mfuko wa mipira. Nikaondoka bila kuushika.

Nilipofika kwenye lango nilisikia mpira ukipiga saruji upande ule mwingine wa wavu. Kimya kifupi, kisha tena. Niligeuka. Manang Delfa alikuwa amesimama kushoto, mahali pake pa siku zote, bila viatu. Aliurusha mpira juu kwa mkono wake mwenyewe, akarudi hatua tatu, akakimbia, akaruka. Hakuruka kama zamani, lakini aliruka, na alipotua nilitega sikio kwa ile sauti ndogo ya puani. Haikutoka.

Kulikuwa na mpira mmoja umeviringika karibu na lango. Ningeweza kuuokota, nikaenda kusimama katikati ya wavu, nikamwinulia kama zamani. Nilimsubiri aite.

Alitoa mwingine kwenye mfuko, akajirushia.