Mgongo wa Nyamizi

Kufikia saa nne asubuhi Nyamizi alikuwa ameshanyoosha nguo za waigizaji, ameinjika maharage ya watu tisa na kumpaka poda Adinani, ambaye ndiye aliyekuwa mwongozaji wa filamu. Pia alikuwa amemfukuza jogoo wa jirani, ambaye hakuwemo kwenye hadithi.

Filamu tatu za nyuma zilimpa heshima kwa kipimo. Katika ya kwanza alikuwa mkono unaofunga mlango. Katika ya pili, maiti iliyofunikwa shuka. Katika ya tatu, mpita njia, kwa mbali. Leo angeonekana uso: mjane aliyenyang'anywa kiwanja, anayemwambia ukweli mtendaji wa kata kwa dakika mbili. Maneno aliyaandika mwenyewe. Mama yake, huko kijijini Kigwa, alishaambiwa, na alishawaambia majirani.

Kamera ilikuwa ya Uwesu, mpiga picha za harusi. Ilitakiwa irudi kabla ya alasiri. Kulikuwa na nikaha mtaa wa Ng'ambo.

Saa saba mtendaji wa kweli, Bwana Silasi, akaja kusimama mbele ya kamera.

"Kibali kiko wapi?"

"Shikamoo, mzee," Adinani alisema. "Tuliomba wiki tatu zilizopita. Barua iko mezani kwako."

"Marahaba. Mezani kwangu kuna barua nyingi." Akapokea sahani ya maharage, akala, akaisoma karatasi ya Nyamizi mpaka mwisho. "Maneno mazuri. Ila yana lawama. Mtendaji anacheza nani?"

"Twalibu."

"Huyu fundi cherehani? Hana mwili wa serikali. Nitacheza mimi. Na haya maneno nitayasema mimi, kwa niaba ya mjane. Hapo sioni shida ya kibali."

Adinani aliitazama saa, halafu kamera, halafu Nyamizi.

"Dada, tukuweke mgongo. Si unaiona hali?"

"Naiona."

"Mgongo nao unaongea, ujue."

"Huu bado haujaanza."

Akakaa kwenye kigoda, ameipa kamera mgongo. Kinasa sauti alikificha mapajani, ndani ya kanga, maana kazi ya sauti nayo ilikuwa yake. Bwana Silasi akakunja uso wa huruma.

"Kiwanja hiki... kiwanja hiki..."

"Nilikinunua na marehemu mume wangu," Nyamizi akanong'ona.

"Nilikinunua na marehemu mume wangu," Bwana Silasi akasema, kwa uchungu mkubwa.

Twalibu alikohoa ili asicheke. Wakaenda hivyo, sentensi kwa sentensi, mpaka dakika mbili zikawa tisa. Kibali kikagongwa mhuri juu ya mfuniko wa sufuria, na mtendaji akaondoka akiulizia tarehe ya uzinduzi.

Adinani akaweka hedifoni masikioni, akasikiliza.

"Minong'ono yako imeingia yote, dada. Inasikika kuliko yeye. Itabidi ikatwe kwenye kuhariri."

"Anahariri nani?" Twalibu akauliza.

Nyamizi alikuwa ameshainama kusugua masizi.

"Mimi," alisema.