Mkate Uliokataa Kushuka

Mayai yalikuwa yameanza kushika kwenye kikaango nilipokumbuka kwamba sijapiga picha ya tumbo tupu. Si kawaida yangu kusahau. Nilizima moto, nikafunika kikaango, nikarudi chumba cha kamera. Bi Zulayho alikuwa amekwisha kulala chali kwenye kile kitanda chembamba, ushungi kichwani, mikono kifuani kama maiti anayesubiri kuswaliwa.

"Usinikunjie uso, mdogo wangu," aliniambia. "Najaribisha tu, nione kama panalalika."

"Mama, jamani!" alisema Oydina, mke wa mwanawe mdogo. Alikuwa bibi harusi wa miezi mitano, na alisimama ukutani akiwa ameukumbatia mfuko wa nguo za mama mkwe wake.

"Muone huyu. Ananikodolea macho kama vile nataka kuzaa."

Nilicheka kidogo, nikasogeza kamera juu ya tumbo lake. Lilikuwa limebonyea kama bakuli. Karatasi yake ilisema kilo arobaini na nne. Kabla ya Navruzi, sikukuu yetu ya mwaka mpya wa machipuko, alikuwa na sitini na moja, na Navruzi ilikuwa wiki saba tu nyuma. Huko nje matunda ya mforosadi ndiyo kwanza yameanza kudondoka.

Mimi si daktari. Nilikuja hospitali hii kutengeneza lifti, na lifti ilipokufa kabisa wakanipa kamera ya mionzi ambayo hakuna aliyejua kuiwasha. Nilisoma kitabu chake cha Kirusi mara nne, kalamu mkononi. Kwa miaka kumi na saba nimetazama matumbo ya watu wa bonde letu la Fargʻona yakifanya kazi, na nimezoea kutosema haraka.

Kazi yenyewe ni rahisi. Natia tone la dawa ya mionzi kwenye mayai, na tone la dawa nyingine kwenye glasi ya maji. Mgonjwa anakula na kunywa, nami nampiga picha kila saa, kwa saa nne. Kamera haioni nyama wala mfupa. Inaona kile tu nilichokitia dawa, nukta nyeupe kwenye giza, mayai peke yake na maji peke yake. Ndiyo maana picha ya kwanza, ya kabla ya kula, hutoka nyeusi tupu. Ni ya kuhakikisha kwamba kitanda ni kisafi.

Picha ya Bi Zulayho haikutoka nyeusi.

Katikati palikuwa na kitu. Nusu duara, ukubwa wa kiganja, ukingo mnene na upande wa ndani mwembamba. Kwenye ukingo, sehemu moja, palikuwa na pengo.

Nilimwomba ashuke. Nilifuta kitanda, nikabadilisha glavu, nikapiga picha kitanda kitupu. Nyeusi. Nikampandisha tena. Nusu duara ile ile, pengo lile lile.

"Dada, umewahi kupigwa picha kama hii mahali pengine? Wiki hii?"

"Nipigwe wapi? Kwa mpiga picha wa harusi?"

"Jana usiku ulikula nini?"

"Chai. Na kabla yake chai. Na kabla ya hiyo, chai."

Oydina akajibu kwa sauti ndogo, "Mjomba, vya maji vyote vinapita. Chai, maji ya mtindi, mchuzi nikiuchuja kwa kitambaa. Lakini ukimpa wali, hata punje kumi, analala ameshika tumbo mpaka kesho yake, halafu anarudisha. Zinarudi punje nzima nzima. Nimezihesabu."

Sikuwa na safu ya jambo hili kwenye daftari. Niliandika pembeni: *picha ya kwanza si tupu*, nikaenda kumalizia mayai.

Alikula kwa shida, kwa muda wa dakika kumi, akayashusha kwa maji. "Mayai mawili bila kitunguu," alisema. "Nyumbani kwangu hata paka hakaribishwi hivi." Lakini tonge la mwisho alilitafuna mpaka nikadhani amesahau kulimeza.

Saa tatu asubuhi nilipiga picha ya kwanza ya chakula, na nyingine kila dakika kumi kwa ajili ya maji. Maji yalikwenda kama yanavyokwenda kwa mtu yeyote. Dakika ya kumi na tisa nusu yake ilikuwa imeshuka utumbo mwembamba, na ilipotimu saa moja hapakubaki kitu. Nilifurahi. Tumbo lililokufa haliwi hivyo.

Mayai yalibaki yote.

Hilo peke yake si la kutisha. Oydina aliniuliza, na nilimweleza taratibu, maana aliyeuliza hakuwa mjinga. Maji hayasubiri, yanateremka yenyewe. Chakula kigumu kwanza kinakaa juu, halafu sehemu ya chini ya tumbo inakivuta na kukisaga, mikunjo mitatu kila dakika, ikikisukuma kwenye mlango ambao ni mdogo kama tundu la chekeche. Kilichosagika mpaka kuwa chembe ya milimita moja au mbili kinapita. Kilicho kikubwa kinarudishwa nyuma kikasagwe tena.

"Na kisichosagika?"

"Tumbo likiwa tupu, linakuja wimbi kubwa, linafagia. Hata mbegu ya tunda inapita na wimbi hilo."

"Na kama tumbo haliwi tupu?"

Nilimwonyesha picha kwenye kioo. Mayai hayakutulia chini ya tumbo kama kawaida. Yalikuwa yamejipanga kuizunguka ile nusu duara, yameuacha ukingo wake wazi.

Oydina aliziba mdomo kwa ncha ya ushungi wake. "Ni mkate wa shemeji Elmurod," alisema.

Alinisimulia kwenye korido, ameegemea dirisha. Elmurod ni mtoto wa kwanza wa Bi Zulayho, ana miaka ishirini na minne, yuko Yakutiya, kaskazini kabisa kwenye theluji, kwa kazi ya ujenzi, mwaka wa pili sasa. Asubuhi ya kuondoka mama alimpa mkate mzima wa tanuri, kijana akaumega kwa meno yake pembeni, mara moja, na mkate ukatundikwa kwenye msumari juu ya mlango. Hakuna nyumba ya kwetu isiyokuwa na mkate wa namna hiyo, aliyeondoka akirudi aumalizie mwenyewe. Mama yangu alitundika wangu nilipokwenda jeshini, na niliporudi nilivunja jino.

"Siku mbili kabla ya Navruzi tulikuwa tunapaka chokaa," alisema Oydina. "Mama mwenyewe aliushusha, akaufunga kwenye kitambaa. Mimi sikumwona. Ulikuwa umepasuka vipande viwili. Asubuhi nikakuta kitambaa juu ya sanduku la unga, nikadhani ni mkate mkavu wa kawaida. Mkate hautupwi. Nikaulowesha kwenye chai ya maziwa, nikamimina siagi, nikampelekea mama. Nusu isiyomegwa walikula kuku. Nusu yenye pengo la meno ndiyo aliyokula yeye. Alisema tamu."

"Halafu?"

"Halafu akainua macho akaona msumari." Alijifuta uso. "Shemeji alikuwa anapiga simu kila Alhamisi. Tangu siku ile hajapiga. Mjomba, kila kitu anachokula mama kinarudi. Ule mkate haujarudi."

"Amekulaumu?"

"Angenilaumu ingekuwa nafuu. Anasema, 'Mwanangu, ulikuwa na njaa ya kunilisha tu.'"

Nilimwambia ale kitu, yeye angalau.

Saa ya pili, mayai yaliyobaki tumboni yalikuwa mia na tatu kwa mia.

Nilirudia hesabu kwa mkono, kwa penseli. Hesabu hii haiwezi kupanda. Dawa yenyewe inafifia kadiri saa zinavyokwenda, na nilikuwa nimekwisha kulisahihisha hilo. Nikarudia mara ya tatu. Mia na tatu. Saa ya tatu, mia na sita. Nilipoweka mkono tumboni kwake ili nipime mahali pa kamera, niliuondoa haraka. Ngozi ilikuwa baridi. Mikono yake ilikuwa ya joto, shingo yake ya joto. Tumbo lilikuwa baridi kama mlango wa chuma asubuhi ya Januari.

"Unahisi baridi, dada?"

"Hapo tu," alisema. "Tangu saa tano. Niache, nasikiliza."

Simu ilipigwa. Alikuwa Daktari Hamroqul, mpasuaji anayekuja kwetu kila Jumatano kutoka mjini. Ni mtu mzuri na ana haraka.

"Kaka Tolib, nipe namba tu. Kesho asubuhi nina nafasi moja."

"Kipimo hakijaisha."

"Kimebaki nini?"

"Saa moja."

"Mabaki yakizidi kumi kwa mia, mwandike. Nitamfungua nione kuna nini."

"Daktari, umeona karatasi ya moyo wake?"

"Nimeiona. Dawa ya usingizi inaweza kumchukua, najua. Na asipofunguliwa atakufa njaa, kaka. Unalo la tatu?"

Nilimwambia nitampigia kipimo kikiisha. Niliporudi chumbani Bi Zulayho alikuwa amefumba macho na Oydina amepiga magoti, sikio lake kwenye tumbo la mama mkwe wake.

"Mjomba," alinong'ona, "njoo usikie."

Nilichukua kipimo cha kusikilizia. Tumbo nalijua sauti zake, linanguruma, linabubujika, linanyamaza. Hii haikuwa mojawapo. Ilikuwa sauti kavu, fupi. *Kach.* Kimya. Halafu taratibu, *kach, kach*, kama ganda la mkate mkavu linapovunjwa na mtu asiyetaka kuamsha wenzake. Nilihesabu muda kwa saa yangu. Haikufuata ile mikunjo mitatu ya kila dakika. Ilifuata taya.

"Mikono yake baridi, maskini," alisema Bi Zulayho bila kufumbua macho. "Ametoka mbali."

"Nani, mama?"

"Unauliza? Wewe si ndiye uliyemwandalia?"

Oydina alikaa sakafuni. Alitoa simu, akampigia mumewe nyumbani. Niliisikia sauti ya kijana, ya uchovu.

"Hajafika mtu. Kwa nini?"

"Hajapiga simu mtu?"

"Hakuna. Ila huyu mbwa vipi? Amekaa chini ya mlango tangu saa tano, anatikisa mkia, nikimfukuza harudi nyuma. Anaangalia msumari."

Nilipiga picha ya saa ya nne. Inachukua dakika moja, nukta zinaanguka moja moja kwenye kioo mpaka umbo linajaa. Nilizitazama zikianguka. Nusu duara ilijitokeza, ukingo wake mnene, pengo lake mahali pake. Na kando ya pengo lile, palipokuwa na ukingo mzima saa moja iliyopita, palikuwa na pengo la pili. Kubwa zaidi. Ukilitazama kwa karibu linaonekana la meno.

Mayai, themanini na nane kwa mia.

Sikufurahi. Mtu angedhani ningefurahi. Nilikuwa nafikiria kijana aliyeko siku nane za treni kutoka hapa, ambaye hajapiga simu wiki saba, na mbwa asiyebweka. Anayerudi akiwa hai huja kwa lango, hubisha hodi, watu wakapiga kelele. Nimejiuliza pia kama kamera imechoka. Kwamba ni yeye au ni kamera, yote mawili yanawezekana.

"Kumeanza kuwa na nafasi," alisema Bi Zulayho. Alijiinua kwa viwiko, akatutazama sote wawili kana kwamba tumechelewa kuandaa chakula. "Nina njaa."

Oydina alianza kulia kwa sauti.

"Huyu naye! Nikikataa kula analia, nikitaka kula analia. Mdogo wangu, mwambie hospitali hii haihitaji mafuriko. Na mnipe mkate. Laini, nisimsumbue."

Kitabu kinaruhusu mgonjwa kula baada ya saa ya nne. Nilimwambia asubiri hata hivyo, anywe mchuzi tu, mpaka picha ya saa ya ishirini na nne. Kitabu kinaitaja picha hiyo kwa mstari mmoja, kwa matumbo yanayochelewa sana. Sijawahi kuipiga.

Daktari aliuliza kwa simu, "Ngapi?"

"Themanini na nane."

"Basi namwandika."

"Usimwandike. Ilikuwa mia na sita. Inashuka."

"Mia na sita ya nini, kaka Tolib? Ile mashine yako imekufa."

"Inawezekana. Nipe mpaka saa tatu kesho. Uje uangalie mwenyewe kabla ya kushika kisu."

Alipumua. "Saa tatu. Si saa tatu na robo."

Tulimpa Bi Zulayho kitanda kwenye wodi ya jirani. Oydina aliomba kutumwa sokoni, akarudi na mkate mzima wa moto, akauweka kwenye kiti karibu na kichwa cha mama mkwe wake, umefunikwa kitambaa kisafi. Nilimwambia, "Hataula mpaka kesho."

"Najua, mjomba. Huu si wa mama."

Niliosha kikaango, nikafunga dawa kwenye kabati la madini ya risasi. Kwenye daftari nilichora mstari wa tano chini ya ile minne, nikaandika saa, nikaiacha safu ya namba wazi. Kisha nikatandika shuka safi kwenye kitanda cha kamera kwa ajili ya asubuhi, na nilipokuwa nainyoosha kwa mkono, hapo katikati, nililiona tone la maji. Nililigusa. Lilikuwa la baridi, na kando yake palikuwa na punje ya theluji ambayo bado haijamaliza kuyeyuka.

Niliifuta, maana kitanda kinatakiwa kiwe kisafi kwa ajili ya picha ya kesho.