Kumi na Nne kwa Kumi na Nne

Fainali ya mpira wa wavu ya wanawake wa kiwanda cha chupa ilichezwa kwenye mchanga uleule ambao Jumatatu ungeingia tanuruni. Watu wa ghala waliusawazisha kwa reki, wakatandika utepe wa bluu kuwa mistari, wakasimamisha wavu, na kufikia saa tisa alasiri meneja alikuwa ameketi chini ya turubai na wageni wake. Pembeni ya kiti chake, kwa ajili ya mgeni yeyote atakayezidiwa na jua, ulisimama mtungi wa oksijeni wa zahanati. Zahanati ilikuwa na mmoja tu. Gari la wagonjwa lililouleta lilibeba na viti.

Upande mmoja walicheza mkaguzi wa chupa na wifi yake, mfungashaji. Upande wa pili, mpishi wa kantini na fundi cherehani anayeshona ovaroli. Ni wawili kwa wawili, bila mchezaji wa akiba; mmoja akitoka, timu imekwisha. Seti ya kwanza mkaguzi na wifi yake walishinda ishirini na moja kwa kumi na nane. Ya pili wakaipoteza, kumi na tisa kwa ishirini na moja. Ikabaki ya tatu, ambayo ni fupi, ya pointi kumi na tano, ila nayo haiishi mpaka upande mmoja uuzidi mwingine kwa mbili. Kikomo hakuna. Sheria iko radhi watu waote mvi uwanjani.

Saa kumi na dakika kumi wakafungana kumi na nne kwa kumi na nne, na saa ya kiwandani ikasimama.

"Wamefungana tena," alisema mlinzi wa geti, akavua viatu apumzishe miguu.

Ilikuwa hivyo kila fainali ikifika hapo. Watu walitembea na kuongea kama kawaida, ila hakuna jambo lililoweza kwisha. Chai haikupoa. King'ora cha kubadilisha zamu hakikulia, na wa tanuruni waliendelea kutokwa jasho la zamu ileile. Mwaka juzi karani mmoja alipatwa na chafya, akakaa nayo puani kwa pointi sita.

Ndipo baba mdogo wa mkaguzi alipofika kwenye kamba ya watazamaji, kofia mkononi.

"Mwanangu, mama yako kazidiwa kule zahanati," alisema. "Amevuta pumzi, bado hajaitoa. Nesi anasema saa ikianza kutembea ana dakika tano, labda sita. Anauliza mtungi uko wapi."

Mkaguzi aliutazama mtungi. Aliogopa kama hajawahi kuogopa maishani, na mpira ulikuwa mkononi mwa wapinzani.

Wifi yake alimkimbilia refa, ambaye siku nyingine ni afisa utumishi.

"Mzee, tunaomba mtungi upelekwe zahanati. Sasa hivi, saa ikiwa imesimama."

"Umo kwenye orodha ya vifaa vya fainali," alijibu refa kutoka juu ya kiti chake kirefu. "Kifaa kikiondoka, mechi inavunjika. Mechi ikivunjika, saa inatembea."

"Na gari mpaka kule ni dakika ngapi?"

"Kumi na mbili, barabara ikiwa nyeupe. Rudi uwanjani, dada. Sekunde zenu thelathini za mapumziko mlishazitumia."

Basi ikabidi wasishinde wala wasishindwe. Pointi iliyofuata waliipata wao, na mkaguzi, akiwa mbele kwa moja, aliuanzisha mpira akaupiga wavuni makusudi. Kumi na tano kwa kumi na tano. Watazamaji wakazomea. Wapinzani wakapata yao, kumi na sita, na moja nyingine ingekuwa ndiyo mwisho. Fundi cherehani alianzisha kwa nguvu. Wifi aliuokoa mpira kwa ngumi, uso ukiwa mchangani, mkaguzi akausukumia kona. Kumi na sita kwa kumi na sita. Wifi naye akauanzisha wavuni, wakatangulia tena wapinzani, mkaguzi na wifi wakaokoa tena kwa roho mkononi.

Katika seti ya tatu timu hubadilishana upande kila pointi tano za pande zote zikitimia. Zilipotimia arobaini, walikutana penye nguzo ya wavu.

"We dada, leo mkono wako una nini?" aliuliza mpishi. "Unatugawia pointi kama pipi."

Mkaguzi akamwambia. Mpishi akamgeukia fundi, fundi akaitikia kwa kichwa.

"Nasi tutapiga wavuni," alisema mpishi. "Tutapiga mpaka wachoke wao wa chini ya turubai."

Ikawa hivyo. Anayepata pointi ndiye anayeanzisha, kwa hiyo mkaguzi au wifi alipiga wavuni, wapinzani wakawa mbele kwa moja; kisha nao wakapiga wavuni, wakalingana. Hamsini kwa hamsini. Tisini kwa tisini. Refa aliipekua sheria, hakuona kosa. Karani wa alama aliunganisha karatasi kwa gundi. Jua liliwachoma bega lilelile, na meneja alikunywa soda ambayo haikupungua. Mara kwa mara baba mdogo alirudi kutoka zahanati na kusema, "Bado ameishikilia."

Wapinzani walikuwa mbele, mia na themanini na nane kwa mia na themanini na saba, na zamu ya kuanzisha ilikuwa ya mpishi. Mkono wake ulikuwa umevimba. Mpira uligonga ukingo wa juu wa wavu, ukapanda kidogo, ukaangukia upande wa pili, jambo ambalo sheria inaliruhusu. Mkaguzi aliruka na kujinyoosha mzimamzima. Mpira ulitua upana wa kidole kutoka kwenye mkono wake.

Filimbi ikalia. Zamu ikapigiwa king'ora. Bingwa mpishi akaketi chini, akalia kwa sauti.

Wanawake wote wanne waliubeba mtungi mpaka garini, wakapanda nao, wakati meneja anaanza hotuba. Dereva alikwenda mbio. Walipoingia wodini, nesi alikuwa ameshamfunika mama shuka mpaka kichwani.

"Dakika sita," alisema. "Nilimwambia mnakuja."

Mkaguzi alipiga magoti akaushika mkono wa mama yake, na wifi akamshika yeye. Dereva akakohoa mlangoni.

"Samahanini, jamani. Fainali ya wanaume inaanza saa kumi na moja kasorobo. Orodha ya vifaa ni ileile."

Akaubeba mtungi, akatoka nao. Kwenye kitanda cha pili, mzee wa tanuruni alianza kuvuta pumzi kwa shida, mabega yakipanda na kushuka.

"Na huyu je?" aliuliza mpishi.

Nesi akatazama saa ukutani.

"Tuombe wafungane," alisema.