Mkeka Uani kwa Uaita

Wewe uliyeshusha pazia la makuti, nasema nawe. Usijifanye umelala. Tangu alfajiri unamwona Bibi Sieni amepiga magoti uani kwa Uaita, kafunikwa mkeka wa heshima wa ukoo wake, nawe umegeuza uso.

Mjukuu wake alimgonga mtoto wa Lemapu, wa ukoo wa Uaita, kwa gari, akamuua. Bibi ndiye mkuu wa ukoo, basi kaja yeye kuomba msamaha kama tulivyozoea: kukaa kimya chini ya mkeka mpaka mkuu wa wafiwa aufunue. Mkuu wao wa zamani, mwaka ule wa kimbunga, alitoka mbio bila shati akamfunua muuaji wa nduguye kabla umande haujakauka. Mimi nilikuwepo. Sisahau.

Lakini mkuu yule kafa, na jina lake la uchifu linagombewa na Uaita na binamu yake Pelenato. Atakayeufunua mkeka ndiye atakayeonekana chifu, basi kila mmoja anamzuia mwenzake.

"Gusa mkeka ule hata kwa kidole," Pelenato alimfokea Uaita, "uone!"

"Wewe nani? Chifu wa banda la kuku?"

"Kuku wananitii. Wewe hata mkeo hakutii."

Vijana wao wakacheka, mawe mkononi. Lemapu, mama wa marehemu, akasimama macho yamevimba. "Kaka Uaita, mwanangu nimeshamzika. Nimesamehe. Niacheni nimfunue mimi."

"Kaa chini, dada. Huna jina la uchifu. Mkono wako hauhesabiki."

Asubuhi niliinama kando ya mkeka nikamuuliza bibi kama anataka maji. Akanong'ona, "Mwanangu, mchungaji ametudanganya. Jehanamu iko hapa kwa Uaita." Akacheka kidogo. Maji akakataa; anayeomba msamaha hanywi. Nilipotaka kuufunua, vijana walinisukuma, jiwe likanipasua nyusi.

Sasa jua liko utosini. Nimemwita, hajibu. Mkeka umelala upande mmoja, na mguu wake uliotokeza nje umejaa nzi. Hawafukuzi. Na wale wawili wangali wanabishana mlangoni.

Pengine tumeshachelewa. Naamini tumeshachelewa. Lakini peke yangu nitasukumwa tena. Kijiji kizima hawawezi kukipiga mawe. Pandisha pazia. Toka, mwite na jirani yako. Twende tukamfunue bibi. Sasa hivi, inuka!