Muhuri Kabla ya Saa Kumi

Nyundo ya kwanza ilitoboa ukuta, ya pili ikamvunja fundi cherehani kifundo cha mkono. Alikuwa ameikumbatia cherehani yake, na wabomoaji hawakuwa na muda wa kumbembeleza. Walivunja nusu ya kibanda kabla hata notisi ya siku kumi na nne haijaisha, wakaahidi kurudi ikishaisha.

Alikimbilia Mahakama Kuu. Kamati ya rufaa ya manispaa aliiruka, maana mwenyekiti wake ndiye aliyesaini amri ya kubomoa. Kumwendea yule, alimwambia mumewe, ni kumwomba anayekupiga akushikie fimbo.

Siku ya kumi na nne jaji alilisoma ombi lake lote, bila kumharakisha, kisha akasema hawezi kulisikiliza. Sheria inataka aanze chini.

"Kamati ikikukatalia, au ikikaa kimya, rudi kwangu," alisema. "Wakishapokea rufaa yako, hawaruhusiwi kubomoa mpaka wajibu. Lakini mama, siku ya mwisho ya kukata rufaa ni leo, na wanafunga saa kumi."

Askari wa mahakama aliuona ule mkono uliofungwa kitambaa. Akamkalisha benchini, akamwandikia rufaa kwa mwandiko wa kujikongoja, nakala mbili.

Mlangoni kwa kamati msimamizi wa wabomoaji alikuwa akimsubiri na vijana wake wawili. Wenzake walimwita Nyundo.

"Karibu, wakili," alisema. "Jaji kakupa chai?"

Rungu la Nyundo lilimpiga fundi begani, la pili mbavuni. Alipoanguka akazilalia karatasi. Walimpiga teke mgongoni, wakamvuta nywele, na uso wake ukagonga sakafu hata jino likatoka. Hakuziachia. Nyundo akamkanyaga mkono uliovunjika, akaukandamiza taratibu kwa kisigino kama anayezima sigara, na fundi akalia kwa sauti ambayo yeye mwenyewe hakuitambua.

Karani wa mapokezi, mwanamke mnene mwenye miguu iliyovimba, alitoka na daftari kwapani, muhuri na kidau cha wino mkononi. Mwenyekiti alimwita kutoka ghorofani arudi ndani. Akajibu kwa adabu kwamba bado anapokea nyaraka. Akapiga magoti sakafuni, katikati ya viatu vya wanaume wale.

"Hujasaini, dada."

Fundi akanyoosha dole gumba la mkono mzima.

"Wino, si damu. Watasema umechafua faili." Karani alilifuta kwa upindo wa kanga yake, akalibonyeza kwenye kidau, kisha kwenye karatasi. Rungu likamshukia yeye pia, begani. Akagugumia, akagonga muhuri, akaandika saa: tisa na dakika hamsini na mbili.

"Imepokelewa," alimwambia Nyundo. "Kibanda hakiguswi mpaka kamati ijibu. Sasa niue, nawe uandikwe kwenye faili hilohilo."

Nyundo alitazama juu dirishani. Mwenyekiti alikuwa ameshafunga pazia. Akalishusha rungu polepole, bila kumpiga mtu.

Fundi alitema damu, akamsogezea karani karatasi ya pili.

"Na hii gonga, dada yangu. Ya kumpelekea jaji."