Sifuri za Jumamosi

Mjukuu wangu wa kike, Divine, anafanya kazi ya mvua. Watu wa hapa Kibondo wakiniuliza ni kazi gani hiyo, nawajibu kwamba anahesabu iliyokwisha kunyesha ili ajue inayokuja. Ameisomea miaka mingi mpaka akaitwa daktari, ingawa hatibu mtu.

Aliianza kwenye madaftari yangu. Mimi niliishia darasa la saba, ila tangu mwaka 1984 nilikuwa nasoma kipima mvua cha shule ya msingi iliyo jirani nami. Ni kopo la shaba ndani ya uzio. Kila asubuhi saa tatu unamimina maji yake kwenye bilauri yenye mistari, unaandika milimita, unamwaga. Nilifanya hivyo miaka thelathini na mitano. Divine alikulia Kasulu kwa baba yake, mwalimu, lakini likizo zote alikuwa kwangu, na bilauri ile aliijua kabla hajajua kikombe cha chai.

Jumanne moja, miaka mitatu iliyopita, alikuja na kompyuta yake. Alhamisi ya wiki hiyo alikuwa na mkutano Kasulu, mbele ya wahandisi wa barabara na wakubwa wa kutoka Dodoma. Wakiukubali utafiti wake, angepewa kuongoza mradi wa mvua wa nyanda za juu zote za Kigoma. Nafasi hiyo alikuwa ameingoja miaka sita.

"Bibi, uvae kitenge kizuri," aliniambia. "Nitawasimamisha wakupigie makofi. Tazama."

Akanionyesha mchoro. Vijiti vifupi vifupi, kisha ghafla virefu.

"Hizi ni mvua kubwa za siku moja, zile za kuvunja madaraja. Kuanzia mwaka 1998 zimekuwa mara mbili. Na shahidi ni wewe."

"Tisini na nane?"

"Tisini na nane."

"Ndio mwaka niliobatizwa Usabato."

"Haya, Mungu alikupokea kwa mvua!" Akacheka, akaendelea kubonyeza.

Nilikwenda jikoni nikageuza maharage. Ningeweza kunyamaza. Kitenge kilikuwa kimeshapigwa pasi. Nikarudi nikasimama mbele yake.

"Sokwe!" nikasema. Ndivyo mama yangu, aliyevuka kutoka Burundi, alivyoanza kututegea vitendawili, nasi tukaitikia niruze, yaani tega.

"Niruze! Lakini kimoja tu, Bibi, nina kazi."

"Ninaye ng'ombe. Hutoa maziwa siku saba, mimi hukamua siku sita."

"Rahisi! Ng'ombe wa Msabato. Jumapili ndoo inafurika."

"Umepata nusu. Yuko wapi?"

"Zizini."

"Yuko shuleni, ndani ya uzio."

Mikono yake ikatulia juu ya kompyuta.

"Bibi. Jumamosi ulikuwa unaandika nini?"

"Sifuri. Mkaguzi wa vipima mvua alisema nisiache nafasi wazi."

"Na maji ya Jumamosi?"

"Yalingoja ya Jumapili."

Akaanza kupekua tarehe. Jumapili, akasema. Jumapili. Jumapili tena. Likizo zote zile siku ya Jumamosi alikuwa ameketi kando yangu kanisani, akiimba, wala hakuuliza kopo linamwagwa na nani. Nami nilidhani maji hayana haraka. Jumla ya mvua haikupungua hata tone.

"Ungesema, Bibi."

"Ungeuliza, mwana wanje, mwanangu."

Akampigia simu mkubwa wake wa kazi, Dokta Melkiadi. Sauti ilitoka yote nje, nami nikaisikia.

"Divine, usinichekeshe. Kikongwe mmoja na sabato yake asituharibie mwaka. Nani huko Kasulu atahesabu Jumapili?"

"Mimi nimeshazihesabu."

"Basi na nafasi yako uihesabu imekwenda." Akakata.

"Huyo anayeniita kikongwe ana miaka mingapi?" nikauliza.

"Hamsini na tisa."

"Basi naye yuko njiani. Njoo ule."

Alikula kidogo.

Alhamisi nilivaa kitenge, tukaenda. Divine akasimama mbele ya wale watu, akauonyesha mchoro, akasema si wa kweli, akaeleza jinsi sifuri za Jumamosi zilivyofanya mvua ya siku mbili ionekane ya siku moja. Jina langu hakulitaja. Nikanyoosha mkono nikasema, "Ni mimi." Wengine wakacheka. Mhandisi mmoja akauliza sasa makalavati wayajenge makubwa au madogo, naye akamjibu, "Sijui bado." Makofi hayakupigwa. Mradi alipewa bwana mmoja, Bazilio, ambaye nasikia ni mtu mzuri.

Divine alirudi kwenye madaftari. Alitoa Jumamosi zote na Jumapili zote, za miaka yote thelathini na mitano, akabaki na siku tano za kila wiki. Kazi hiyo ilimla miaka miwili. Mvua kubwa zilikuwa zimeongezeka kweli, ila si mara mbili. Zilipokuwa tano, sasa zilikuwa sita. Utafiti ukachapishwa. Anasema waliousoma ni wachache, lakini yule mhandisi ni mmojawapo.

Siku hizi anazunguka kukusanya madaftari ya wasomaji wengine wa vipima mvua, Mabamba na kwingineko. Mwezi uliopita nilimsindikiza Munanila, kwa Mzee Fidele, aliyesoma kipima mvua cha kijijini kwao miaka ishirini. Mzee alikuwa ametuwekea viti nje, na daftari kalifunga ndani ya mfuko wa nailoni kama cheti cha kuzaliwa.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba, mwanangu."

"Mzee, wewe unasali siku gani?"

Mzee akageukia mlangoni, akamwita mkewe. "Ernesta! Ile chai iache kwanza, kumbe ni wahubiri!" Kisha akamwambia Divine, "Mimi nasali Jumapili, mama, na sihami."

"Usihame, Mzee. Nataka kujua tu, Jumapili ukiwa kanisani, kipima mvua anasoma nani?"

Mzee Fidele akautazama uzio wa kipima mvua. Kisha akanitazama mimi, mzee mwenzake, kama nitamsaidia. Nikamsogezea kiti. Divine akatoa kalamu.